Kidiaba, Robert Muteba

Robert Muteba Kidiaba (amezaliwa 1 Februari 1976) ni golikipa mstaafu wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Aliidakia TP Mazembe ya Lubumbashi kuanzia 2002 hadi 2015, na kwa miaka mingi alikuwa kipa wa timu ya taifa, Chui.

Watu wengi humkumbuka kwa shangwe yake. Mazembe ikifunga, yeye aliketi chini, akanyoosha miguu na kurukaruka kwa makalio, nywele zake za kusuka zikitikisika utosini. Shangwe hiyo imeifunika kazi yake mwenyewe, na hapo ameonewa. Kidiaba hakuwa mrefu kama makipa wengi wa kulipwa. Kimo alichokosa alikifidia kwa wepesi wa mwili na moyo wa kuujia mpira miguuni mwa washambuliaji.

Ushahidi ni Kombe la Dunia la Klabu la Desemba 2010 huko Abu Dhabi. Mazembe, ikiwa bingwa wa Afrika wa 2009 na 2010, iliishinda Pachuca ya Meksiko 1–0. Siku nne baadaye, tarehe 14, Internacional ya Brazil ilimshambulia Kidiaba mara kwa mara, naye akaokoa kila shuti, hadi mabao ya Kabangu na Kaluyituka yakaumaliza mchezo 2–0. Kabla ya hapo hakuna timu ya nje ya Ulaya na Amerika Kusini iliyowahi kucheza fainali hiyo. Inter Milan ya Samuel Eto'o ilishinda fainali 3–0.

Lango la Mazembe lilikuwa na historia. Kazadi Mwamba, kipa wa Zaire, kama Kongo ilivyoitwa wakati huo, alitoka klabu hiyohiyo, enzi ilipoitwa Englebert na kutwaa ubingwa wa Afrika 1967 na 1968. Katika Kombe la Dunia la 1974, kocha alimtoa Kazadi dhidi ya Yugoslavia baada ya mabao matatu tu. Mechi ikaisha 9–0. Kwa miaka mingi dunia ilimjua kipa wa Kongo kwa kipigo hicho.

Kidiaba alibaki Lubumbashi miaka yote ya ubora wake. Mazembe ya mwenyekiti wake, Moïse Katumbi, ilikuwa na uwezo wa kumlipa mchezaji nyumbani, jambo ambalo klabu chache za Kongo zimeliweza. Kwa vijana wa Kasongo na Kabambare katika jimbo la Maniema, ambao klabu kubwa ya jimbo lao, AS Maniema Union ya Kindu, ilifika makundi ya Ligi ya Mabingwa ya Afrika msimu wa 2024–25, mfano huo una uzito zaidi kuliko ule wa waliokwenda Ulaya.

Akiwa na Chui alitwaa CHAN 2009, kombe la Afrika la wachezaji wa ligi za ndani, nchini Côte d'Ivoire. Februari 2015, akiwa ametimiza miaka 39, alidaka mechi ya mshindi wa tatu wa Kombe la Afrika dhidi ya wenyeji Guinea ya Ikweta: 0–0, kisha penalti 4–2 kwa Kongo. Baada ya hapo aliiaga timu ya taifa. Katika uchaguzi wa Desemba 2018 alichaguliwa mbunge wa bunge la jimbo la Haut-Katanga.