Mfalme au Mnyakuzi? Neno Moja la Sophocles katika Kiswahili

Sophocles alizaliwa Colonus, nje kidogo ya Athens, yapata mwaka 496 K.K., akafariki yapata mwaka 406 K.K. Husemekana alitunga tamthilia zaidi ya 120. Zilizotufikia zikiwa kamili ni saba tu. Hakuwa mtu wa jukwaa pekee: mwaka 441/440 K.K. alichaguliwa kuwa jemadari pamoja na Pericles. Aliyajua madaraka kwa ndani, jambo la kukumbukwa tunapoisoma tanzia yake mashuhuri, ambayo Samuel S. Mushi aliitafsiri kwa anwani ya Mfalme Edipode (1971).

Makala haya yanahoji hilo neno "mfalme". Anwani ya Kigiriki, ambayo yaelekea haikutolewa na mtunzi mwenyewe, ina neno tyrannos. Katika tanzia neno hili mara nyingi humaanisha mtawala tu, lakini pia lilitumika kwa aliyeshika enzi bila kuirithi. Oedipus aliingia Thebes akiwa mgeni, akapewa kiti kwa kutegua kitendawili. Baadaye yabainika kuwa ni mwana wa mfalme aliyetangulia, tena ndiye aliyemuua. Ndipo wanakwaya wanapomwita basileus, yaani mfalme. Haki yake ya kutawala inathibitika saa ileile inapomwangamiza. Msomaji wa Kiswahili, kinyume chake, anakutana na ufalme tangu jaladani.

Unguja inalijua fumbo hili. Tarehe 25 Agosti 1896, Sultani Hamad bin Thuwaini alipofariki, Khalid bin Barghash aliingia katika kasri la Mji Mkongwe na kujitangaza mtawala. Waingereza walimhesabu mnyakuzi. Yeye alikuwa mwana wa sultani, akidai kiti alichokikalia baba yake. Siku mbili baadaye mizinga ilimaliza shauri kwa muda usiotimia saa moja, naye Khalid akakimbilia kwa konseli wa Ujerumani. Mrithi na mnyakuzi walikuwa mtu mmoja, ingawa hapa walioamua hawakuwa miungu.

Simlaumu Mushi. "Mtawala Edipode" ni anwani baridi, yenye harufu ya ofisi. Hata hivyo, ndani ya matini mfasiri wa kesho angeweza kutumia "mtawala" tangu mwanzo, akaliweka "mfalme" akiba hadi wanakwaya walitamke.