Kalamu Mbili za Msamaha

Mtu akifungwa Pemba kwa magendo ya karafuu, anayeweza kumpunguzia adhabu ni Rais wa Zanzibar. Mwenzake wa chumba kimoja, aliyefungwa kwa kuvunja sheria ya uhamiaji, humtazamia Rais wa Jamhuri ya Muungano. Wote wamo katika Chuo cha Mafunzo, kama gereza linavyoitwa Visiwani, na hupanga foleni moja ya chakula. Kinachowatenganisha ni sheria iliyowatia hatiani: ya Zanzibar, au ya Bunge la Muungano. Ndivyo ilivyo kwa ibara ya 45 ya Katiba ya 1977, huku Katiba ya Zanzibar ya 1984 ikimpa rais wa huko kalamu yake.

Zamani mambo yalikuwa mengine. Kwa sharia ya Kiislamu iliyofuatwa enzi za masultani wa Unguja, mwenye haki ya kusamehe kisasi cha mauaji ni warithi wa aliyeuawa. Wakiridhika na diya, yaani fidia ya damu, kisasi kimeondoka. Tanganyika chini ya Waingereza, huruma ilikuwa mikononi mwa Gavana kwa niaba ya ufalme wa London. Kenya vilevile. Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau, aliposhindwa rufaa, aliyebaki na uwezo wa kumwokoa ni Gavana Evelyn Baring, naye hakumwokoa. Kimathi alinyongwa Kamiti Februari 18, 1957.

Muungano wa Tanganyika na Zanzibar wa 1964 haukulimaliza suala la nani mwenye kusamehe, na mwaka 1972 likazuka kwa kishindo. Aprili 7 Sheikh Abeid Amani Karume, Rais wa Zanzibar, aliuawa. Abdulrahman Babu, aliyekuwa ametoka tu kwenye uwaziri wa Muungano, alikamatwa Bara na kuwekwa kizuizini pamoja na wenzake. Zanzibar ikafungua kesi ya uhaini, washtakiwa wakiwa hawana mawakili wa kuwatetea, na mwaka 1974 Babu akahukumiwa kifo bila yeye kuwapo mahakamani. Visiwani walimtaka. Nyerere, Rais wa Muungano, hakumtoa. Hakumsamehe, hakumpunguzia adhabu, wala hakuibatilisha hukumu. Alimweka tu upande wa pili wa bahari mpaka alipomwachia 1978. Kwangu mimi hakuna msamaha wa ajabu kuliko huo katika historia yetu: kitanzi kilizuiwa kwa kifungo kisicho na hukumu. Mwanasheria atauita uonevu, na hatakuwa amekosea. Ila Babu alibaki hai wa kuulalamikia.

Siku hizi kalamu hutembea kwa kalenda: Januari 12 Visiwani, Aprili 26 na Desemba 9 kwa Muungano. Desemba 9, 2017, mjini Dodoma, Rais Magufuli aliwapa msamaha wafungwa 8,157. Kati yao, 1,828 walitoka siku hiyohiyo, wengine wakapunguziwa vifungo. Orodha hiyo ilimgusa kila mtu, kwa kuwa ilikuwa na mwanamuziki Nguza Viking na mwanawe, waliofungwa maisha kwa kubaka watoto. Wapo walioshangilia, wapo waliouliza kama wazazi wa watoto wale walisikilizwa.

Kenya ilijaribu kuipunguzia Ikulu upweke wa kuamua msamaha peke yake. Katiba ya 2010 iligawa madaraka kwa kaunti 47, lakini msamaha haukugatuliwa: gavana anasimamia zahanati na masoko, mfungwa hawezi kumpunguzia hata siku moja. Rais naye sharti ashauriwe na kamati maalumu. Mwaka 2016 Uhuru Kenyatta aliwabadilishia watu 2,747 adhabu ya kifo kuwa kifungo cha maisha. Mwaka uliofuata, katika kesi ya Muruatetu, Mahakama ya Juu ilisema jaji asilazimishwe kutoa hukumu ya kifo kwa kila kosa la mauaji, apime mwenyewe. Mwaka 2019 Mahakama ya Afrika iliyoko Arusha ikaiambia Tanzania jambo hilohilo, katika kesi ya Ally Rajabu na wenzake.