Selim Bey, afisa aliyeachwa na msafara

Leo tunaandika juu ya mtu mmoja wa zamani. Hapa Oli tunasikia Kinubi kila siku sokoni, lakini wengi wetu hatujui babu za Wanubi walipitia nini.

Miaka ya 1880 sehemu hizi zilikuwa chini ya Misri, katika jimbo la Ekwatoria. Gavana alikuwa Emin Pasha, mzaliwa wa Ujerumani. Selim Bey alikuwa afisa wake, Msudani. Januari 1885 watu wa Mahdi waliteka Khartoum, njia ya kaskazini ikafungwa kabisa. Mishahara haikuja tena. Emin akahamia Wadelai, pembeni ya Nile, hapa hapa West Nile. Mwaka 1888 watu wa Mahdi walishambulia ngome ya Dufile, upande wa Moyo, na Selim aliongoza ulinzi mpaka wakarudi nyuma.

Wakati huo Stanley alikuwa amekuja kumtoa Emin. Akaweka tarehe ya kuondoka, 10 Aprili 1889. Selim alirudi kukusanya askari na familia zao. Sisi tuliotembea kwa miguu na wadogo zetu tunajua: watu wenye watoto, wagonjwa na mizigo hawakusanyiki kwa siku mbili. Tarehe ikafika, msafara ukaondoka. Selim na watu wake wakabaki.

Walikaa Kavalli, karibu na Ziwa Albert, zaidi ya miaka miwili. Septemba 1891 akaja Lugard, Mwingereza, akitafuta askari. Selim hakukubali haraka. Alisema yeye ni mtu wa Khedivi wa Misri, hawezi kutumikia bendera nyingine bila ruhusa yake. Lugard akaahidi kumwandikia Khedivi. Ndipo wakaondoka, watu zaidi ya 8,000. Askari walikuwa mia kadhaa tu, wengine wote wanawake, watoto na wafuasi.

Mwaka 1893 kukawa na mvutano wa kidini Buganda. Selim alisema Waislamu wasipigwe vita. Wakubwa wa Kiingereza waliona huo ni uasi, wakamkamata na kumpeleka pwani. Hakufika. Alifariki njiani, Naivasha.

Hatumfanyi malaika. Majeshi ya Ekwatoria yalichukua ng'ombe, chakula na watumwa kwa wenyeji, na wazee wa hapa hawajasahau. Lakini tunauliza: mbona vitabu vingi vinamtaja Emin "aliyeokolewa", na maelfu walioachwa wanapata mstari mmoja tu?

Ndugu zetu mnaofanya kazi kwenye mashirika, mkipanga tarehe ya kuandikisha watu au ya gari kuondoka, muulize kwanza nani yuko mbali na nani anabeba mgonjwa. Na ninyi vijana wenzetu, kama nyumbani kuna bibi au babu anayejua habari za safari hizo, andikeni hapa chini. Tutazisoma zote.