Makaa na Mgunda Mkali: Manowari za Urusi katika Bahari Yetu, 1904–1905

Ukitoka Ikungi kwa barabara ya Manyoni, kisha ukashika njia ya magharibi kuelekea Itigi, unaingia katika nchi ambayo wapagazi wa karne ya 19 waliiita Mgunda Mkali. Ilikuwa pori la vichaka vizito kati ya Ugogo na Unyamwezi, na misafara ya pembe za ndovu iliyotoka Tabora kwenda Bagamoyo haikuwa na budi kulipita. Msafara ungeweza kuwa na watu mia kadhaa na bunduki za kutosha, lakini hayo hayakutuliza roho ya kiongozi wake. Alichouliza kila jioni ni kimoja: kesho tutakunywa wapi? Na hata waliokwisha kuvuka pori walikuta kwamba visima vya Ugogo vina wenyewe, na wenyewe wanadai hongo kabla hujateka.

Sisi wa Singida, tuliokulia katika nchi kavu, hatuhitaji kufundishwa jambo hilo. Ndiyo maana nataka kusimulia habari ya vita vya baharini nikiwa huku bara, mbali na pwani. Ni habari ya manowari za Urusi zilizopita katika Bahari ya Hindi zaidi ya karne moja iliyopita, zikiwa na mizinga mikubwa, na zikiuliza kila siku swali lilelile la wapagazi. Ila zenyewe hazikutafuta maji. Zilitafuta makaa ya mawe.

Vita vilianza usiku wa kuamkia tarehe 9 Februari 1904, manowari za Japani ziliposhambulia kundi la Warusi lililotia nanga Port Arthur, bandari ya China ambayo Urusi ilikuwa imeikodi. Madola hayo mawili yaligombea Korea na Manchuria. Miezi miwili baadaye Warusi walimpoteza Admirali Makarov, kamanda wao hodari, pale meli yake Petropavlovsk ilipokanyaga bomu la majini na kuzama naye. Meli zilizobaki zikafungiwa ndani ya bandari. Tsar Nikolai II akaamua kutuma kundi jingine kutoka Bahari ya Baltiki, upande wa pili wa dunia.

Kabla kundi hilo halijaondoka, vita vilikuwa vimekwisha kufika Unguja. Julai 1904 meli mbili za Urusi, Peterburg na Smolensk, zilitoka Bahari Nyeusi zikipeperusha bendera ya biashara. Zilipofika Bahari ya Shamu zikatoa mizinga, zikageuka manowari, zikaanza kusimamisha meli za wafanyabiashara na kupekua shehena ya kwenda Japani. Peterburg ilikamata Malacca, meli ya Kiingereza, na London ikawaka hasira. Uingereza ilikuwa na mkataba wa urafiki na Japani tangu 1902, na watu walianza kuogopa kwamba vita vya mataifa mawili vitakuwa vya mataifa manne.

Tsar alikubali kuziita meli zake zirudi. Tatizo lilikuwa kuzipata. Manowari iliyokwisha ng'oa nanga wakati ule ilikuwa kama ng'ombe aliyepotelea porini: habari zake huzijui mpaka aonekane mahali. Smolensk ilionekana Agosti karibu na pwani ya Afrika Kusini, kisha ikapotea tena. Mwishowe, mwanzoni mwa Septemba, manowari ya Kiingereza iitwayo Forte ilizikuta zote mbili katika maji ya Unguja. Waingereza ndio waliowakabidhi manahodha wa Kirusi amri ya mfalme wao wenyewe.

Unguja haikuwa ngeni kwa mambo ya manowari. Katika bandari ya mjini milingoti ya Glasgow, meli ya Sultani iliyozamishwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896, ilikuwa bado imechomoza juu ya maji. Kisiwa kilikuwa chini ya ulinzi wa Uingereza tangu 1890, na waya wa simu uliopita chini ya bahari tangu 1879 ulikiunganisha na Aden na dunia nzima. Kwa maneno mengine, ukitaka makaa, maji au habari katika pwani hii, ulipaswa kupitia kwa Mwingereza, au kwa Mjerumani, Mfaransa na Mreno, ambao nao walikuwa na hesabu zao.

Tarehe 15 Oktoba 1904 kundi kuu liling'oa nanga Libau, katika Latvia ya leo. Kamanda wake alikuwa Admirali Zinovy Rozhestvensky, na bendera yake ilipepea juu ya Knyaz Suvorov, manowari mpya kabisa pamoja na dada zake Borodino, Aleksandr III na Oryol. Mbele yao palikuwa na maili za baharini zipatazo 18,000. Juma la kwanza halijaisha, usiku, katika bahari iliyo mashariki ya Uingereza, Warusi waliokuwa na hofu ya kushambuliwa ghafla waliwafyatulia mizinga wavuvi wa Kiingereza wa mji wa Hull wakidhani ni Wajapani. Wavuvi watatu walipoteza maisha na chombo kimoja kikazama. Baada ya hapo manowari za Uingereza ziliwafuata kwa muda.

Hapo ndipo sheria ya ugeni ilipoanza kuwabana. Waswahili husema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Baharini, sheria ya mataifa ilikuwa kali kuliko hiyo: nchi isiyo upande wowote ilitarajiwa kuiruhusu manowari ya vita ikae bandarini kwa saa 24, ichukue mahitaji ya kuifikisha mbele, iondoke. Nayo Urusi haikuwa na bandari hata moja kati ya Baltiki na Mashariki ya Mbali. Aden, Mombasa, Unguja, Durban, Cape Town, Singapore, zote zilikuwa za Uingereza.

Warusi walikodi meli za makaa za kampuni ya Kijerumani ya Hamburg, zikawa zikikutana nao njiani. Huko Tangier kundi liligawanyika. Meli nyingi za zamani na ndogo, chini ya Admirali Felkerzam, zilipita Mfereji wa Suez. Manowari mpya, zilizozama sana majini, zikaizunguka Afrika yote: Dakar, Gabon, Angola, kisha Angra Pequena katika koloni la Wajerumani. Katika baadhi ya vituo maofisa wa koloni waliwataka waondoke, na kila kituo mabaharia walibeba makaa kwa magunia usiku na mchana, nyuso zimepakwa weusi, joto la tropiki likiwapiga juu na la tanuri likiwapiga chini. Kwa kuwa hakuna aliyejua kama kituo kinachofuata kitawapokea, makaa yalirundikwa kupita uwezo wa maghala: kwenye sitaha, vyumbani, kando ya mizinga. Mpagazi wa Mgunda Mkali aliyejaza vibuyu kupita nguvu za mabega yake angewaelewa. Mzigo wa kukuokoa ndio huohuo unaokuchosha.

Mwishoni mwa Desemba 1904 walifika Madagaska. Walitegemea kupumzika Diego Suarez, bandari nzuri ya Wafaransa, ambao walikuwa rafiki wa Urusi. Lakini Ufaransa ilikwisha kulalamikiwa na Japani na Uingereza, ikawaelekeza Nosy Be, kisiwa cha kaskazini magharibi. Huko Felkerzam alikuwa akisubiri, na tarehe 9 Januari 1905 makundi hayo mawili yaliungana.

Nosy Be si mbali na sisi kama inavyosikika. Majahazi ya Unguja na ya Ngazija yalikwenda na kurudi huko kwa vizazi vingi, na Waantalaotra, wafanyabiashara Waislamu wa pwani hiyo, walikuwa ndugu wa Waswahili kwa damu, dini na biashara. Manahodha hao walijua kalenda moja: kaskazi huvuma kuanzia Desemba, kusi hufuata baada ya mvua kubwa, na chombo husafiri kwa idhini ya upepo. Meli za mvuke za Warusi hazikuomba idhini hiyo. Zingeweza kwenda popote, msimu wowote. Lakini upepo ni wa Mungu, hauna mwenye duka. Makaa yana mwenyewe. Aliyejikomboa kutoka kwa upepo alijifunga kwa muuza makaa.

Walikaa Nosy Be zaidi ya miezi miwili, wakati wa mvua na joto. Habari mbaya zilikuja kwa zamu. Port Arthur ilikuwa imesalimu amri tarehe 2 Januari, kwa hiyo kundi walilotumwa kulikomboa halikuwepo tena. Kisha zikaja habari za Jumapili ya tarehe 22 Januari, pale askari wa Tsar walipowafyatulia risasi wafanyakazi waliokwenda na maombi mkononi katika jiji la Saint Petersburg. Wenye meli za makaa nao wakagoma kwa muda kuwafuata mbele. Magonjwa yakaingia, watu wakazikwa kisiwani. Evgeny Politovsky, mhandisi wa kundi, alimwandikia mkewe barua karibu kila siku. Barua zilifika, mwandishi hakurudi.

Kulikuwa na adui mwingine asiyepiga kelele. Kila nahodha wa jahazi anajua kwamba chombo kikikaa sana majini, mwani na viumbe vidogo vyenye magamba magumu hujigandisha chini yake, kikawa kizito. Ndiyo maana jahazi hupandishwa ufukoni, likakwanguliwa na kupakwa deheni. Manowari ya tani zaidi ya 13,000 haipandishwi ufukoni. Inahitaji chelezo, na Nosy Be haikuwa nacho. Wakati huohuo Admirali Togo, kamanda wa Wajapani, baada ya Port Arthur kuanguka, alizirudisha meli zake nyumbani, akazikarabati, akawafundisha watu wake kulenga shabaha katika maji waliyoyajua.

Katikati ya Februari ziliongezeka meli kutoka Urusi, na kati yake zilikuwepo Dnepr na Rion. Hayo yalikuwa majina mapya. Ndizo Peterburg na Smolensk zilizoamriwa kuondoka Unguja miezi mitano nyuma.

Tarehe 16 Machi 1905 kundi zima likaondoka. Walivuka Bahari ya Hindi bila kituo, wakisimamisha injini katikati ya bahari kuhamisha makaa kwa mashua, na tarehe 8 Aprili wakaonekana wakipita Singapore. Hata mabaharia wa nchi zisizowapenda walistaajabu: hakuna kundi kubwa la manowari za mvuke lililowahi kwenda mbali kiasi hicho bila kuwa na bandari yake. Huo ulikuwa ushindi wao wa kweli, na ulikuwa wa mwisho.

Tarehe 27 Mei, katika mlango wa bahari wa Tsushima, Togo aliwangoja akiwa juu ya Mikasa. Meli zake zilikwenda mafundo 15. Warusi, kwa uzito wa chini na meli kuukuu walizolazimika kwenda nazo, hawakupita sana mafundo tisa. Mwenye mbio ndiye aliyechagua mahali pa kupigania. Oslyabya ilizama kwanza, ikiwa na jeneza la Felkerzam ndani. Alikuwa amefariki siku chache kabla, na Rozhestvensky aliamuru bendera yake isishushwe ili mabaharia wasivunjike moyo. Jioni zikazama Suvorov, Aleksandr III na Borodino. Katika Borodino, yenye watu zaidi ya 800, aliokoka mmoja. Katika Aleksandr III hakuokoka hata mmoja. Kesho yake Admirali Nebogatov, mmoja wa makamanda wao, alisalimisha meli zilizobaki kwake, na Rozhestvensky, mwenye jeraha la kichwa, akatekwa. Warusi zaidi ya 4,000 walikufa, Wajapani 117. Meli tatu tu zilifika Vladivostok, bandari ya Urusi walikokuwa wakienda. Meli ya mizigo Anadyr iligeuza njia, ikarudi peke yake mpaka Madagaska, kisha nyumbani.

Mwaka huohuo wa 1905, Wajerumani walianza kutandika reli kutoka Dar es Salaam kwenda bara. Ilifika Tabora 1912 na Kigoma 1914, ikipita Manyoni na Itigi, katikati ya Mgunda Mkali. Kwa njia hiyo hadithi ya mvuke ilitufikia sisi wenyewe.

Vita Kuu vilipoanza, manowari ya Kijerumani Emden iliingia Penang tarehe 28 Oktoba 1914 ikaizamisha Zhemchug, manowari ya Kirusi iliyokuwa imenusurika Tsushima. Mwenzake, Königsberg, aliizamisha Pegasus ya Waingereza mbele ya Unguja tarehe 20 Septemba. Lakini naye alikuwa mgeni asiye na mwenyeji. Makaa yalikuwa haba, injini imechoka, na bandari za jirani zilikuwa zimefungwa. Akajificha katika delta ya Rufiji mpaka Julai 1915, Waingereza walipomfuata wakammaliza humo. Wajerumani wakaiopoa mizinga yake kumi. Wapagazi waliikokota matopeni na porini, kisha mmoja ukapakiwa kwenye garimoshi hadi Kigoma, ukafungwa juu ya Graf von Götzen, meli tunayoiita leo MV Liemba.

Kwa hiyo mzinga wa baharini ulipita hapa kwetu, katika nchi ya alizeti na mtama, ukivuka kwa saa chache pori lililowatesa wapagazi kwa siku nyingi. Lakini garimoshi lile nalo lilikwenda kwa mvuke. Kila baada ya mwendo lilipunguza kasi, likasimama kando ya tangi, na watu wakashuka kulijaza maji kabla halijathubutu kuendelea.