Chula
Chula ni kisiwa, na ni mji mdogo uliomo kisiwani humo, miongoni mwa Visiwa vya Bajuni, kusini mwa Kismayo, nchini Somalia. Wenyeji wake, Wabajuni wasemao Kitikuu, lahaja ya kaskazini ya Kiswahili, riziki yao tangu kadimu ni bahari. Na katika maarifa yao, lenye kustaajabisha zaidi, kwa rai yetu, ni kumvua kasa kwa chazo, samaki mwenye kunata, ambaye hufungwa uzi mkiani, akaachiliwa aende kujibandika gambani, kisha wote wawili wakavutwa taratibu hadi chomboni. Mwaka 1925 Uingereza iliikabidhi Italia eneo la Jubaland pamoja na visiwa hivi. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyozuka Somalia 1991 viliwatawanya wenyeji wengi hadi Lamu na Mombasa.