Pembe Nane za Kilwa

Kwetu Lupembe, kwenye baridi na mashamba ya chai ya Njombe, makanisa ni mengi kuliko misikiti. Sanaa ya Kiislamu wengi tumeiona kwenye picha tu: nyota za Alhambra kule Hispania, vigae vya Isfahan. Ni rahisi kudhani ni mambo ya mbali. Ila karne ya 14, Alhambra ikiendelea kujengwa, mafundi wa Kilwa Kisiwani nao walikuwa wakipima pembe nane.

Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, enzi za Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Kasri linalohusishwa na sultani huyo, Husuni Kubwa, limejengwa juu ya mwamba unaotazama bahari, na ndani yake kuna bwawa la kuogea lenye pande nane. Nguzo za Msikiti Mkuu zilizojengwa upya karne ya 15 nazo zina pande nane.

Kwa nini nane? Kwa sababu umbo hilo ni daraja kati ya mraba na duara, kati ya kuta za chumba na kuba linalokaa juu yake. Wala halihitaji rula. Chora mraba, upate katikati yake. Pima kwa kamba kutoka pembe moja hadi katikati, kisha zungusha kamba hiyohiyo hadi ikate pande mbili zinazokutana kwenye pembe ile. Fanya hivyo kwa pembe zote nne. Utapata alama nane. Ziunganishe kwa zamu, nawe una umbo la pande nane zilizo sawa.

Hapo ndipo ninapokataa simulizi moja ya kale. Kwa miaka mingi waandishi wa kikoloni waliieleza Kilwa kama kazi ya wageni kutoka Uajemi na Uarabuni. Kweli, dini na michoro vilisafiri na majahazi, pamoja na dhahabu ya Sofala. Lakini wanaakiolojia wameonyesha kwamba miji ya Waswahili ilikua kutoka vijiji vya wenyeji. Jiwe lenyewe ni tumbawe la bahari yetu: likitolewa majini bado bichi hukatika kirahisi, likikauka huwa gumu. Ujuzi wa kulisubiri na kulichonga ulikuwa wa watu wa pwani.

Ujuzi wa namna hiyo naujua. Wanawake wa Kibena wanaosuka vikapu huhesabu kila mzunguko kichwani. Wakiruka hesabu moja, pambo halikutani. Sisemi walijifunza Kilwa. Nasema hesabu iliishi mikononi kabla haijafika ubaoni, pwani na bara.

Jina la sultani tunalo. Jina la aliyeshika kamba hatunalo, na huyo ndiye ambaye vitabu vyetu vya historia bado vinamdai nafasi.