Jeli ya Mapera na Pilipili: Majina Yake na Asili Yake

Katika shule zetu tumezoea kuwafundisha watoto kwamba jina la kitu ni ushahidi wa umri wake: jina likiwa la kale, na kitu chenyewe ni cha kale. Sisi wenyewe tulifundisha hivyo miaka mingi, na mfano wetu ulikuwa pilipili. Tulikosa, na jeli ya mapera ndiyo iliyotuonyesha kosa letu.

Jeli hiyo hupikwa nyumbani kwa vitu vinne: mapera, pilipili, sukari na ndimu. Mpishi huchagua mapera yaliyoiva nusu, huyakata vipande, huyatia maji ya kuyafunika, akayachemsha pamoja na pilipili hata yalainike. Kisha huyamimina katika kitambaa safi na kukitundika usiku kucha, maji yadondoke yenyewe. Asikamue, akikamua, jeli haiwi angavu. Asubuhi huyapima maji yale, na kwa kila kikombe hutia kikombe cha sukari na ndimu kidogo, akachemsha kwa moto mkali. Tone likiwekwa katika sahani baridi, nalo likakunjamana kwa kusukumwa na kidole, jeli imekwisha iva. Kinachoigandisha kimo katika tunda lenyewe, nacho ni pektini, iliyoelezwa na Mfaransa Henri Braconnot mwaka 1825. Jina lake latokana na neno la Kiyunani lenye maana ya kuganda. Pera lililoiva mno lina pektini haba.

Basi na tuyatazame majina. Neno sukari latoka Kiarabu. Waarabu walilipata kwa Waajemi, na Waajemi kwa Wahindi. Katika Kisanskriti maana yake ya kwanza ni changarawe. Hapa jina na kitu vimesafiri pamoja.

Pera halikuwa hivyo. Mpera asili yake ni nchi za joto za bara la Amerika, lakini neno lenyewe ni la Kireno, nalo kwa Wareno ni lile tunda la Ulaya tuliitalo peasi. Wareno walifika Mombasa na Malindi mwaka 1498, wakaanza kujenga Ngome ya Yesu mwaka 1593, wakaipoteza kwa Waomani mwaka 1698. Wenyewe walikwenda zao. Neno lao likabaki mtini.

Lakini idanganyayo zaidi ni pilipili. Neno ni la kale kweli, jamaa ya filfil ya Kiarabu na pippali ya Kisanskriti. Walakini pilipili ya biashara ya kale ilikuwa ile punje nyeusi ya Malabar, tuiitayo pilipili manga. Pilipili nyekundu iwashayo ililimwa na wenyeji wa Mexico maelfu ya miaka, wala haikujulikana Afrika wala Bara Hindi kabla Columbus hajafika visiwa vya Amerika mwaka 1492. Wareno waliieneza katika bandari zao. Ilipofika kwetu ilivaa jina la mwenziwe, hata leo mtu akisema pilipili tu, twafahamu ile iwashayo. Yule mwenye jina hutambulikana kwa kuongezewa neno manga. Wala majina hayajatulia: pilipili hoho, ambayo kamusi za zamani zaitaja kuwa ni ile nyekundu kali, leo katika masoko mengi ni ile kubwa isiyowasha.

Basi yatupasa sisi walimu kuuliza maswali mawili mbalimbali: kitu kimetoka wapi, na jina limetoka wapi? Tusilijibu moja kwa jingine. Nao wasomaji wenye majina ya pilipili katika lugha za kwao wayaandike, hasa yale wayajuayo bibi zao.

Na mtoto akituuliza kama jeli hii ni chakula cha kigeni, tusifanye haraka kumjibu. Mapera yamechumwa nyuma ya nyumba yao, na mama yake ndiye aliyeipika.